Umeuliza, Tumejibu: Nchi Ngapi, Mpaka wa Nani, Saa za Wapi?

Barua nyingi za safari hii zinazungumzia namba na mistari ambayo vitabu viwili havikubaliani. Maswali yanayofanana tumeyaunganisha.

SWALI: Mwalimu wetu anasema dunia ina nchi 193. Kitabu cha dada yangu kinasema 195. Kwenye habari za mpira nasikia FIFA ina wanachama 211. Nani yuko sahihi? (Mwanafunzi wa sekondari)

JIBU: Wote wako sahihi, kila mmoja kwa orodha yake. Kosa ni kuitaja namba na kuiacha orodha.

193 ni wanachama wa Umoja wa Mataifa. Umoja huo ulianza mwaka 1945 ukiwa na wanachama 51, na wa mwisho kuingia ni Sudan Kusini, iliyojitawala tarehe 9 Julai 2011 na kupokelewa siku tano baadaye. Ukiongeza waangalizi wawili, yaani Vatikani na Palestina, unapata 195 za kitabu cha dada yako. FIFA haiandikishi nchi, inaandikisha vyama vya soka. Ndiyo maana England, Scotland, Wales na Ireland Kaskazini zina timu nne, ilhali kwenye Umoja wa Mataifa ni nchi moja, Uingereza, yenye kiti kimoja.

Ugumu unaanza ukiuliza ni kitu gani hasa kinachoifanya nchi iwe nchi. Kipimo kinachotajwa zaidi ni cha Mkataba wa Montevideo wa mwaka 1933: wakazi wa kudumu, eneo linalojulikana, serikali, na uwezo wa kuhusiana na nchi nyingine. Uanachama wa Umoja wa Mataifa haumo. Uswisi ilijiunga mwaka 2002 tu, baada ya wananchi wake kupiga kura ya maoni, na hakuna anayesema kwamba kabla ya hapo haikuwa nchi. Taiwan, kwa upande wake, ina watu, ardhi, serikali, jeshi na sarafu yake, lakini tangu Oktoba 1971 kiti cha China kinakaliwa na serikali ya Beijing, nayo Taiwan haina kiti.

Namna ya kuingia ni hii. Serikali inamwandikia Katibu Mkuu barua ya maombi na kuahidi kuufuata Mkataba wa Umoja wa Mataifa. Maombi yanapelekwa kwenye Baraza la Usalama, ambako zinahitajika kura 9 kati ya 15, na asiwepo hata mmoja kati ya wale watano wa kudumu (Marekani, Uingereza, Ufaransa, Urusi na China) anayepinga. Yakivuka hapo yanakwenda Baraza Kuu, ambako yanahitaji theluthi mbili ya kura. Maombi mengi yenye utata hukwama kwenye Baraza la Usalama. Palestina ilikwama hapo Aprili 2024 kwa kura ya turufu ya Marekani. Kosovo, iliyotangaza uhuru tarehe 17 Februari 2008, inatambuliwa na nchi nyingi, lakini Serbia inaipinga na Urusi iko upande wa Serbia.

Wengine mmeuliza kama Afrika ina nchi 54 au 55. Umoja wa Mataifa una wanachama 54 kutoka Afrika. Umoja wa Afrika una 55, kwa sababu unaitambua pia Jamhuri ya Kiarabu ya Kidemokrasia ya Sahara. Ilipopokelewa kwenye OAU, umoja uliotangulia Umoja wa Afrika, Morocco ilijitoa mwaka 1984, na haikurudi hadi Januari 2017. Kwenye mtihani, basi, usiandike "nchi 193" ukaishia hapo. Andika "wanachama 193 wa Umoja wa Mataifa", na hakuna msahihishaji atakayekukata.

SWALI: Kwenye ramani yetu ya ukutani Greenland inakaribia ukubwa wa Afrika. Je, ni kweli?

JIBU: Si kweli hata kidogo, na tunasikitika kwamba ramani hiyo bado inatundikwa madarasani bila maelezo. Greenland ina takriban kilomita za mraba milioni 2.17. Afrika ina zaidi ya milioni 30, yaani karibu mara 14. Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo peke yake, yenye takriban milioni 2.34, inaishinda Greenland. Algeria nayo inaishinda.

Ramani hiyo ilibuniwa na Gerardus Mercator mwaka 1569 kwa ajili ya mabaharia. Sifa yake kubwa ni kwamba ukichora mstari ulionyooka kutoka bandari hadi bandari, pembe ya dira haibadiliki njia nzima. Kwa nahodha wa karne ile hilo lilikuwa jambo la uhai na mauti. Gharama yake ni kwamba mistari ya longitudo, ambayo kwenye tufe hukutana nchani, kwenye karatasi imelazimishwa kwenda sambamba. Ili maumbo yasiharibike, kila kitu kinavutwa kwa upana na kwa urefu pia, na mvuto unazidi kadiri unavyoiacha ikweta. Kwenye latitudo ya nyuzi 30 urefu unaongezeka kwa takriban asilimia 15. Kwenye nyuzi 60 unakuwa mara mbili, na eneo mara nne. Kwenye nyuzi 75, ambako Greenland imelala, eneo linatanuka karibu mara 15. Nchani penyewe ramani haifiki kabisa, kwa kuwa mvuto wake hauna kikomo.

Hapo ndipo wengi wanapokosea kipimio kilichochapwa pembeni mwa ramani: mara nyingi kinafaa kwenye ikweta tu. Ukipima kilomita 1,000 kwenye latitudo ya Oslo, karibu nyuzi 60, umbali wa kweli ni kama 500. Kanuni ni kuzidisha ulichopima kwa kosini ya latitudo. Kama una tufe, fanya jaribio hili: nyoosha uzi ukaze kati ya Tokyo na New York. Utaona unapanda na kupita Alaska, wala haukati Pasifiki katikati kama ramani inavyokudanganya. Ndege nazo hufuata njia kama ya uzi huo, ila upepo na anga lililofungwa hulazimisha kupinda hapa na pale.

Kulinganisha ukubwa wa nchi, tafuta ramani ya eneo sawa, kwa mfano ile iitwayo Equal Earth ya mwaka 2018. Kwa kuongozea chombo baharini, Mercator bado hana mpinzani.

SWALI: Mlima mrefu kuliko yote ni upi? Rafiki yangu anabisha kwamba si Everest.

JIBU: Muulize rafiki yako anapima kuanzia wapi. Kutoka usawa wa bahari ni Everest, mita 8,848.86, kipimo kilichotangazwa na Nepal na China kwa pamoja Desemba 2020. Kutoka kitako hadi kilele ni Mauna Kea wa Hawaii: umechomoza mita 4,207 tu juu ya maji, lakini kitako chake kiko chini ya bahari na jumla inapita mita 10,000. Kutoka kiini cha dunia ni Chimborazo wa Ekuado. Una mita 6,263, ila uko karibu mno na ikweta, na dunia imetuna hapo: nusu kipenyo yake kwenye ikweta ni kilomita 6,378, kwenye ncha ni 6,357. Kwa tofauti hiyo kilele cha Chimborazo kiko mbali na kiini kuliko cha Everest kwa takriban kilomita 2.

Na hata Everest yenyewe imekuwa na namba mbili. China mwaka 2005 ilitangaza mita 8,844.43, ikipima hadi kwenye mwamba na kuiacha theluji ya juu.

SWALI: Nani alichora mipaka ya ajabu ya Afrika? Gambia iko ndani ya Senegal kama mdudu, Lesotho imezungukwa pande zote, Namibia ina mkono. Na je, ni kweli Malkia Victoria alimzawadia mjukuu wake mlima Kilimanjaro? (Wasomaji watatu)

JIBU: Tuanze na hilo la mwisho, maana hadithi yake imeenea na tarehe zinaivunja. Makubaliano ya Uingereza na Ujerumani yaliyougawa upande huo ni ya mwaka 1886. Yalitaja mstari kutoka mlango wa mto Umba, upite ziwa Jipe, uzunguke kaskazini mwa Kilimanjaro, kisha uende hadi ukingo wa mashariki wa ziwa Victoria kwenye latitudo ya nyuzi 1 kusini. Mjukuu anayetajwa, Wilhelm wa Pili wa Ujerumani, alitawazwa kuwa Kaiser, yaani mfalme mkuu, Juni 1888. Mwaka 1886 Kaiser alikuwa babu yake mwingine, Wilhelm wa Kwanza. Pindo la mpaka ni la kweli: ukinyoosha rula kutoka mlango wa Umba hadi ziwani, inapita upande wa kusini wa mlima, karibu na ulipo mji wa Moshi leo, na kilele kingebaki Kenya. Lakini pindo hilo lilitokana na mabishano. Wajerumani walikuwa wakidai mikataba na watawala wa Uchaga, Waingereza wakaitaka Mombasa, na kila upande ukaondoka na ulichokitaka. Wenye ardhi hawakuulizwa.

Mkono wa Namibia ulikuja miaka minne baadaye. Kwa mkataba wa tarehe 1 Julai 1890 Ujerumani iliiachia Uingereza Zanzibar, ikapewa kisiwa cha Heligoland katika Bahari ya Kaskazini pamoja na ukanda wa kilomita 450 hivi hadi mto Zambezi. Ukanda ukaitwa Caprivi, kwa jina la kansela wa Ujerumani wa wakati huo, Leo von Caprivi. Shabaha ilikuwa kupata njia ya maji hadi Bahari ya Hindi. Haikuwezekana. Maporomoko ya Victoria yako mashariki ya ukanda huo, maji yanatumbukia zaidi ya mita 100, na mbele yake kuna miporomoko mingine ya Cahora Bassa. Mwaka 2013 Namibia iliubadilisha mkoa huo jina, sasa unaitwa Zambezi.

Gambia ni mto uliofanywa nchi. Waingereza walijenga Bathurst, ambayo sasa ni Banjul, mwaka 1816, kwenye mlango wa mto ambao meli huweza kuupanda mbali sana kuelekea bara. Wafaransa walikamata pande zote za nje. Mara kadhaa baada ya 1860 walizungumzia kubadilishana: Gambia iende kwa Ufaransa, Uingereza ipewe eneo jingine Afrika Magharibi. Mazungumzo hayakufika popote. Mwaka 1889 wakakubaliana mpaka ufuate mto, kilomita 10 kila upande. Ndiyo maana kwenye ramani ya kina mpaka unapinda palepale mto unapopinda. Hadithi kwamba meli ya kivita ilifyatua mizinga na mpaka ukawekwa risasi zilipoangukia haina haja yake. Karatasi ya mkataba ipo. Kwa Senegal madhara yake ni makubwa: jimbo la Casamance, kusini, limetengwa na sehemu kubwa ya nchi. Malori yalikuwa yakisubiri kivuko kwa muda mrefu hadi daraja la Farafenni lilipofunguliwa Januari 2019.

Lesotho ni kisa tofauti kabisa, na kinatugusa kuliko vyote hivi, kwa sababu hapa mtawala wa Kiafrika ndiye aliyeshika usukani. Moshoeshoe wa Kwanza aliwakusanya watu waliotawanywa na vita vya miaka ya 1820 juu ya Thaba Bosiu, mlima wenye kilele bapa na kuta za mwamba, usiopandika isipokuwa kwa njia chache nyembamba. Makaburu wa Orange Free State walimshambulia mwaka 1858, na tena kuanzia 1865. Ngome yake haikuanguka, lakini mashamba yalichomwa na mifugo ikachukuliwa. Moshoeshoe akaomba ulinzi wa Uingereza, na tarehe 12 Machi 1868 akaupata. Mpaka uliowekwa mwaka uliofuata uliwaachia Makaburu mashamba mazuri ya magharibi ya mto Caledon. Hiyo ndiyo sababu nchi imebaki na milima mingi na ardhi haba ya kulima.

Mwaka 1871 Waingereza waliikabidhi kwa Koloni la Rasi. Koloni hilo likataka kuwanyang'anya Wasotho bunduki zao, Wasotho wakapigana mwaka 1880 na 1881, hawakushindwa, na mwaka 1884 nchi ikarudi chini ya London moja kwa moja. Hatua hiyo ndiyo iliyoamua kila kitu. Makoloni manne yalipoungana kuwa Afrika Kusini mwaka 1910, Lesotho haikuwa sehemu ya koloni lolote kati ya hayo, ikabaki nje. Ilijitawala tarehe 4 Oktoba 1966, huku jirani yake akiwa bado chini ya ubaguzi wa rangi. Nchi nyingine zilizozungukwa na nchi moja pande zote ni San Marino na Vatikani, zote ndani ya Italia. Lesotho ina jambo jingine lisilopatikana popote: eneo lake lote liko juu ya mita 1,000, na hata bonde lake la chini kabisa linakaribia mita 1,400.

SWALI: Nchi gani zina miji mikuu zaidi ya mmoja?

JIBU: Afrika Kusini inajulikana zaidi: serikali iko Pretoria, bunge liko Cape Town, na Mahakama Kuu ya Rufaa iko Bloemfontein. Ni mgawo wa mwaka 1910, ili makoloni yaliyoungana yasigombane. Natal haikupata makao yoyote, ikalipwa fedha. Mahakama ya Katiba, ambayo ni mpya zaidi, iko Johannesburg, kwa hiyo kusema "mahakama ziko Bloemfontein" ni nusu ya jibu. Bolivia ina Sucre kwa katiba na La Paz kwa serikali na bunge, matokeo ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1898 na 1899. Uholanzi ina mji mkuu Amsterdam, ila serikali, bunge na balozi viko The Hague. Nauru haina mji mkuu rasmi. Ofisi za serikali ziko wilaya ya Yaren, na vitabu vingi huandika hilo.

SWALI: Bendera za Chad na Romania zinatofautianaje?

JIBU: Kwa kivuli cha buluu tu, Chad ikiwa na buluu iliyokoza zaidi. Chad ilichukua yake mwaka 1959, wakati ya Romania ilikuwa na nembo katikati. Nembo ikaondolewa Desemba 1989 utawala wa Ceaușescu ulipoanguka, na bendera zikafanana. Indonesia na Monaco nazo ni nyekundu juu, nyeupe chini. Hapo pima umbo: ya Monaco ni 4 kwa 5, ya Indonesia ni 2 kwa 3, ndefu zaidi.

SWALI: Nawezaje kujua saa ya nchi nyingine bila simu? Na ilikuwaje Samoa ikakosa siku nzima?

JIBU: Dunia inazunguka nyuzi 360 kwa saa 24, hivyo kila nyuzi 15 za longitudo ni saa moja. Tafuta longitudo ya mahali, gawanya kwa 15, ukaribishe kwenye namba nzima. Kama ni mashariki ya Greenwich (London, penye longitudo ya sifuri) ongeza kwenye saa ya Greenwich, kama ni magharibi toa. Greenwich ikiwa saa sita mchana, mahali penye nyuzi 75 mashariki ni saa kumi na moja jioni. Greenwich ilikubaliwa kuwa mwanzo wa hesabu kwenye mkutano wa Washington mwaka 1884.

Hesabu hiyo inakupa saa ya jua, na serikali huwa na yake. Makosa hutokea katika sehemu tatu. Kwanza, zipo nchi zenye nusu na robo: India hutumia nyuzi 82.5, iko mbele kwa saa 5 na dakika 30, na Nepal kwa saa 5 na dakika 45. Pili, zipo nchi zilizojichagulia. China ina upana wa nyuzi 60 na zaidi lakini tangu 1949 inatumia saa moja, ya Beijing. Matokeo yake ni kwamba Kashgar, magharibi kabisa, jua linafika utosini karibu saa tisa alasiri. Ukivuka kutoka China kuingia Afghanistan unarudisha saa nyuma kwa saa 3 na nusu kwa hatua moja. Hispania, ambayo karibu yote iko magharibi ya Greenwich, inatumia saa za Ulaya ya Kati tangu 1940. Tatu, nchi nyingi za Ulaya na Amerika Kaskazini husogeza saa mbele wakati wa kiangazi, na hazisogezi tarehe moja. Wiki hizo chache za Machi na za Oktoba na Novemba ndizo zinazowapotezea watu mikutano.

Sasa Samoa. Ukienda mashariki ukiongeza saa, na mwenzako akaenda magharibi akitoa, mkikutana upande wa pili wa dunia saa zenu zitakuwa sawa na tarehe zitatofautiana kwa siku moja. Mabaharia wa msafara wa Magellan, wa kwanza kuizunguka dunia, waligundua hilo mwaka 1522: walipofika Cape Verde daftari lao lilisema Jumatano, wenyeji wakasema Alhamisi. Mstari wa tarehe, unaofuata takriban longitudo ya 180, upo ili kuilipa siku hiyo. Hakuna mkataba unaoulazimisha. Kila nchi inaamua iwe upande gani.

Mwaka 1892 Samoa iliamua kuwa upande wa Marekani kwa sababu ya biashara, ikaishi tarehe 4 Julai mara mbili. Baada ya karne moja biashara yake ilikuwa na Australia na New Zealand, na Ijumaa ya Samoa ilikuwa Jumamosi kwao, Jumapili ya Samoa ilikuwa Jumatatu yao. Ikarudi. Baada ya Alhamisi, 29 Desemba 2011, ilifuata Jumamosi, tarehe 31. Kiribati ilikuwa imetangulia mwanzoni mwa 1995, kwa kuwa mstari uliikata katikati na ofisi za mashariki na magharibi zilikuwa na siku nne tu za kazi za pamoja kwa wiki.

Samoa ya Marekani, visiwa jirani, haikuhama. Saa ya ukutani ni ileile pande zote mbili, siku ndiyo tofauti. Ukikata tiketi kutoka Samoa kwenda huko, soma tarehe ya kufika pamoja na ya kuondoka: ndege ya Jumatatu asubuhi inafika Jumapili asubuhi, na chumba cha hoteli lazima kiwekwe kwa Jumapili hiyo.